Mpishi Aliyekuwa Malkia: Anna Salunke na Miaka ya Kwanza ya Sinema ya India

Malkia wa kwanza katika filamu ndefu ya kwanza ya India aliigizwa na mwanamume. Aliitwa Anna Salunke, na jina hilo lisimpotoshe msomaji wa Kiswahili, kwani kwa Wamarathi Anna ni jina la heshima la kaka mkubwa. Kabla ya kuingia katika sinema alikuwa mpishi katika mkahawa mmoja wa Barabara ya Grant mjini Bombay, mji ambao siku hizi unaitwa Mumbai, akilipwa rupia 10 kwa mwezi. Hakuwa mtu wa jukwaa wala hakutoka katika ukoo wa wasanii. Alichukuliwa kwa sababu alikuwa na umbo jembamba na mikono laini, na kwa sababu hakupatikana mwanamke hata mmoja aliyefika kusimama mbele ya kamera.

Vitabu vingi vya historia ya sinema humtaja kwa sentensi moja au mbili, tena kama kichekesho: malkia aliyelazimika kunyoa masharubu. Kichekesho hicho ni cha kweli, lakini kinaficha habari kubwa zaidi. Ukifuata kazi ya Salunke tangu 1913 hadi mwisho wa enzi ya filamu za kimya, utaona jinsi tasnia nzima ilivyoanza bila wanawake, bila nyota na bila mafundi, na jinsi ilivyojitengenezea watu wake kutokana na wale iliowakuta jirani.

Sinema ilikuwa imefika India mapema. Tarehe 7 Julai 1896, hata miezi saba haijapita tangu ndugu Lumière waonyeshe picha zao Paris mbele ya watu waliolipa kiingilio, picha hizo zilionyeshwa katika Hoteli ya Watson, Bombay. Kwa miaka kumi na mitano hivi iliyofuata, Wahindi walitazama zaidi filamu za kigeni. Wapo waliojaribu mapema. Hiralal Sen alipiga picha vipande vya michezo ya jukwaani kule Calcutta, na mwaka 1912 Ramchandra Torne na wenzake walirekodi mchezo wa Kimarathi uitwao Pundalik, ukaonyeshwa tarehe 18 Mei katika ukumbi wa Coronation, Bombay. Kuna wanaodai kwamba huo ndio mwanzo halisi. Dai lao halikupata nguvu, kwa kuwa kilichorekodiwa kilikuwa mchezo wa jukwaani kama ulivyo, na aliyeshika kamera alikuwa Mwingereza.

Heshima ya kuitwa baba wa sinema ya India ilikwenda kwa Dhundiraj Govind Phalke, anayejulikana zaidi kwa jina la Dadasaheb. Alizaliwa tarehe 30 Aprili 1870 huko Trimbak, karibu na Nashik, akasoma uchoraji katika Shule ya Sanaa ya J. J. mjini Bombay, kisha Baroda. Katika maisha yake alikuwa mpiga picha, mchapaji, hata mtu wa mazingaombwe. Siku moja aliingia ukumbini akaona filamu ya maisha ya Yesu, na akili yake ikahamia kwa miungu ya kwao: kwa nini Rama na Krishna wasionekane vivyo hivyo? Aliweka rehani bima yake ya maisha, akasafiri kwenda London mapema mwaka 1912, akajifunza misingi ya kazi na kununua kamera ya Williamson pamoja na mashine ya kutoboa filamu. Aliporudi aliwaonyesha wenye fedha filamu fupi ya mbegu ikichipua na kuwa mmea, iliyopigwa picha moja moja kwa siku nyingi. Fedha zikapatikana, ingawa si bila vito vya mkewe, Saraswatibai, navyo kuwekwa rehani.

Hadithi aliyoichagua ilijulikana na kila Mhindu. Mfalme Harishchandra ni mtu wa neno lake. Mtawa Vishwamitra anamtega kwa ahadi, na mfalme, ili asivunje neno, anatoa ufalme wote. Deni bado linabaki, basi anamuuza mkewe Taramati na mwanawe, kisha anajiuza mwenyewe na kuwa mlinzi wa mahali pa kuchomea maiti. Mtoto anafariki. Mama anamleta achomwe, hana hata senti ya kulipa ada, na mlinzi anayemdai ada hiyo ni mumewe mwenyewe. Mwishowe miungu, baada ya kuridhika na uthabiti wake, inarudisha kila kitu.

Hadithi hii, kama ilivyo, haiwezi kusimama bila Taramati. Ni malkia katika kasri, kisha mjakazi katika nyumba ya watu, kisha mama aliyebeba maiti ya mwanawe usiku. Mfalme anashika ahadi, lakini anayeumia kwa ahadi hiyo mbele ya macho ya watazamaji ni mke. Phalke alihitaji mwanamke, na alijua anamhitaji.

Alitangaza magazetini. Waliojitokeza walikuwa wa sura zisizomfaa, hata akalazimika kuongeza katika tangazo kwamba wenye sura mbaya wasijisumbue. Kwa upande wa wanawake, aliambulia patupu. Katika Bombay ya siku hizo, mwanamke wa nyumba yenye heshima hakuonekana jukwaani, na sinema ilihesabiwa kuwa chini hata ya jukwaa. Phalke alikwenda mpaka mitaa ya makahaba. Huko nako wengi walikataa. Mmoja alikubali, akafanya mazoezi siku chache, kisha bwana wake akaja kumwondoa. Kazi hii ilikuwa na doa la namna yake, kiasi kwamba waigizaji wa kiume waliokwisha kuajiriwa walishauriwa wakiulizwa waseme wanafanya kazi katika kiwanda cha Harishchandra. Kiwanda kilieleweka. Filamu haikueleweka.

Ndipo Phalke, akiwa amekaa mkahawani Barabara ya Grant, akamwona mpishi. Alimpa rupia 15 kwa mwezi, tano zaidi ya alizokuwa akipata jikoni, na Salunke akakubali.

Hapa msomaji anaweza kuuliza: kama shida ilikuwa mwanamume wa kuigiza mwanamke, kwa nini Phalke hakwenda kwenye kampuni za michezo ya kuigiza? Jukwaa la Kimarathi lilijaa wanaume wa namna hiyo, tena mabingwa. Bal Gandharva, aliyezaliwa 1888, alikuwa akiigiza wanawake kwa ufundi mkubwa hivi kwamba mabibi wa mjini waliiga uvaaji wake wa sari. Upande wa Kigujarati alikuwapo Jaishankar, aliyepachikwa jina la Sundari kutokana na mwanamke aliyemwigiza. Jibu limo katika kile walichouza wasanii hao. Bal Gandharva aliuza sauti. Watu walilipa kiingilio wasikie nyimbo zake, wakamrudisha jukwaani arudie ubeti mara nyingi. Filamu ya kimya isingekuwa na la kufanya na sauti hiyo, na mtu mwenye jina kubwa namna hiyo hakuwa na sababu ya kuacha ukumbi uliojaa na kuingia katika shughuli ambayo watu waliionea haya. Bal Gandharva mwenyewe hakuonekana kwenye filamu hadi 1935, filamu zilipokwisha kupata sauti, na hapo aliigiza mwanamume.

Kwa hiyo sinema haikurithi malkia wa jukwaa, ilibidi imtengeneze wake kutoka jikoni. Tofauti hii si ndogo. Mwigizaji wa jukwaani alikuja na miaka ya mafunzo: jinsi ya kutembea, kuinamisha shingo, kushika pindo la sari. Salunke alifundishwa yote hayo na Phalke, ambaye naye hakuwa amewahi kuongoza filamu yenye waigizaji.

Kazi ilifanyika katika nyumba ya Phalke huko Dadar, kwa mwanga wa jua. Saraswatibai alipika kwa ajili ya makumi ya watu, akafua mavazi, akashika mashuka meupe kurudisha mwanga kwenye nyuso, na usiku akatoboa na kusafisha filamu. Kuna kinaya katika hili. Mwanamke aliyefanya kazi kuliko wote katika filamu ile alikuwa nyuma ya kamera, na mbele yake alisimama mpishi wa kiume amevaa sari, huku mke wa bwana mkubwa akiwapikia wote.

Suala la masharubu lilizuka wakati huo. Salunke na wenzake waliopewa sehemu za wanawake walikataa kunyoa. Kwa desturi yao, mwanamume hunyoa masharubu anapofiwa na baba yake, na kunyoa wakati baba yu hai ni kumtakia kifo. Phalke alilazimika kuwabembeleza wao na baba zao pia. Wanaocheka kisa hiki husahau kwamba vijana wale walikuwa wanaombwa kuvunja mwiko wa nyumbani kwa mshahara wa rupia chache, kwa ajili ya kitu ambacho hawajapata kukiona kikikamilika.

Harishchandra aliigizwa na Dattatraya Dabke, na mtoto wa mfalme aliigizwa na Bhalchandra, mwana wa Phalke. Picha za nje zilipigwa Vangani, nje ya mji. Wanakijiji walipoona kundi la watu wenye panga na mikuki wakadhani ni majambazi, wakapeleka habari polisi, na waigizaji wakakamatwa. Phalke alipofika ilimbidi aonyeshe kamera na kueleza kazi yenyewe ndipo wakaachiwa. Huko huko Bhalchandra alianguka juu ya jiwe akapasuka kichwa. Kwa kuwa onyesho lililofuata lilihitaji mtoto aliyelala kama maiti, wakaendelea kupiga picha. Mambo haya yalikuja kusimuliwa upya mwaka 2009 katika filamu ya Kimarathi ya Paresh Mokashi, Harishchandrachi Factory, na ni filamu ya kuchekesha kwa haki kabisa.

Filamu ilipokamilika ilikuwa na urefu wa futi 3,700, mikanda minne. Raja Harishchandra ilionyeshwa kwa wageni waalikwa tarehe 21 Aprili 1913 katika ukumbi wa Olympia, na kwa umma tarehe 3 Mei 1913 katika ukumbi wa Coronation. Haikusimama peke yake. Tiketi hiyo hiyo ilimpa mtazamaji densi ya wasanii wa Kizungu, wachekeshaji, na mtu wa kuchezesha vitu kwa miguu. Maandishi ya kueleza hadithi yaliandikwa kwa Kiingereza na Kihindi. Katika mji wa Surat, Gujarati, siku ya kwanza, mapato yalikuwa rupia tatu. Phalke hakukata tamaa. Alitangaza kwamba wateja wataona picha 57,000 na filamu ndefu ya maili mbili kwa sarafu tatu za ana tu, na watu wakaja. Mhindi wa Gujarati, hata kwenye burudani, alitaka ajue anapata nini kwa fedha yake.

Kipande kimoja cha Salunke kinafaa kutazamwa kwa makini. Ni pale malkia na wajakazi wake wanapooga katika birika la kasri, sari zimelowa na kushikamana na mwili, na mfalme anakuja kumwita mkewe. Wote ndani ya maji ni wanaume. Kwa mwanamke halisi wa 1913 kipande hicho kisingewezekana. Jinsia ya waigizaji ndiyo iliyompa Phalke uhuru wa kuonyesha kile ambacho maadili ya siku zile yasingekiruhusu. Miaka ya baadaye sari iliyolowa ikawa karibu sharti la picha za Kihindi, kama walivyokuja kujua watazamaji wa kumbi za Majestic ya Zanzibar na Empire ya Dar es Salaam. Asili yake ni birika hilo la wanaume.

Wanawake hawakukawia kuja. Filamu ya pili ya Phalke, Mohini Bhasmasur, iliwaleta Durgabai Kamat na binti yake Kamlabai, aliyekuja kujulikana kama Kamlabai Gokhale. Mama aliigiza mungu wa kike Parvati, na binti, aliyekuwa na umri wa miaka kama kumi na mitatu, aliigiza Mohini. Walitoka kwenye jukwaa, ambako tayari walikuwa wamekwisha kulipia gharama ya jina lao kuchafuliwa, kwa hiyo sinema haikuwaongezea hasara. Kutoka kwa mama na binti huyo ulianza ukoo wa waigizaji uliofika hadi kwa mjukuu wa Kamlabai, Vikram Gokhale.

Ingetazamiwa kwamba kuja kwa wanawake kungemrudisha Salunke jikoni. Haikuwa hivyo. Mama na binti walirudi kwenye michezo ya jukwaani, na mwaka 1917 Phalke, aliyekuwa amekwisha kuhamia Nashik, alipotengeneza Lanka Dahan kutokana na kisa cha utenzi wa Ramayana, alimwita Salunke tena. Safari hii alimpa sehemu mbili: Rama na Sita. Mume na mke, shujaa na mwenzi wake aliyetekwa, wote katika mwili mmoja.

Jambo hili linashangaza mpaka mtu aukumbuke mtiririko wa hadithi. Katika kisa cha kuchomwa kwa Lanka, mfalme Ravana amemteka Sita na kumfungia bustanini kisiwani kwake, na Rama yuko mbali akimtafuta. Nyani Hanuman ndiye anayevuka bahari na kumpelekea Sita pete ya Rama. Wapenzi hao wawili hawahitaji kukaa pamoja mbele ya kamera kwa muda mrefu, kwa hiyo hapakuwa na haja ya ujanja mkubwa wa kamera. Mavazi, rangi za uso na mkao vilitosha. Ujanja Phalke aliuweka kwa Hanuman, aliyeigizwa na Ganpat Shinde, akamfanya aonekane anaruka angani. Lakini mzigo wa kuigiza ulikuwa kwa Salunke. Ilimpasa mtazamaji amwamini akiwa mungu mwenye upinde, na dakika chache baadaye amwamini akiwa mke anayelia chini ya mti. Hii ndiyo filamu inayohesabiwa kuwa ya kwanza India ambamo mwigizaji mmoja alicheza sehemu mbili. Waliomwona Dilip Kumar katika Ram Aur Shyam ya 1967, au Hema Malini katika Seeta Aur Geeta ya 1972, waliona tawi la mti uliopandwa na yule mpishi, ingawa hao waliigiza mapacha, si bwana na bibi.

Lanka Dahan ilifunguliwa tarehe 19 Septemba 1917 katika ukumbi wa West End, Bombay, na watu wakafurika. Inasimuliwa kwamba sarafu za viingilio zilijazwa magunia na kusafirishwa kwa mikokoteni ya ng'ombe. Inasimuliwa pia kwamba Rama alipotokea watazamaji walivua viatu. Aliyekuwa mbele yao ni mwanamume aliyekuwa akipika mkahawani miaka mitano nyuma. Kwa watu wale hilo halikuwa na maana. Walikuwa mbele ya Rama. Sinema ya India ilipata hapo nguvu ambayo haijaipoteza hadi leo, nayo ni ya mtazamaji kutazama na kuabudu kwa wakati mmoja. Hakuna mwigizaji wa siku zile aliyeibeba nguvu hiyo kwa pande zote mbili, ya kiume na ya kike, isipokuwa Salunke.

Miaka miwili baadaye Phalke aligeuza mambo kwa namna nyingine. Katika Kaliya Mardan ya 1919, Krishna mtoto aliigizwa na Mandakini, binti yake mdogo. Mwanamume alikuwa amekwisha kuwa Sita, sasa msichana akawa Krishna. Hili halikumletea mtu tatizo, kwa kuwa mtoto wa mwenye filamu alikuwa nyumbani kwao, na doa la sinema halikumfikia.

Salunke naye aligeukia upande wa pili wa kamera. Katika miaka ya 1920 jina lake linaonekana zaidi kama mpiga picha, katika filamu nyingi za kimya zilizotoka enzi za kampuni ya Hindustan ya Nashik, ambayo Phalke alikuwa mshirika wake. Wanaosimulia habari zake mara nyingi huiacha sehemu hii, kwa sababu haichekeshi. Hata hivyo ni sehemu ndefu zaidi ya maisha yake ya kazi, na ni ushahidi kwamba mwaka 1913 hakuokotwa mwili tu. Aliokotwa mtu aliyekuwa tayari kujifunza. Hakuna chuo kilichofundisha upigaji picha za sinema India wakati huo. Aliyetaka kujua alikaa karibu na kamera, na Salunke alikuwa amekaa karibu nayo kuliko wengi.

Alipokwenda nyuma ya kamera, nafasi yake ya mbele ilichukuliwa na wanawake wasiokuwa Wahindu wa nyumba za heshima. Patience Cooper na Renee Smith, aliyejulikana kama Seeta Devi, walikuwa machotara wa Kizungu na Kihindi. Ruby Myers, Myahudi wa asili ya Baghdad, alikuwa mfanyakazi wa kuunganisha simu kabla ya kuwa nyota kwa jina la Sulochana. Majina ya Kihindu ya Seeta Devi na Sulochana yalifunika nasaba zao. Kwa hiyo kwa miaka mingi mwanamke wa Kihindu katika sinema ya India mara nyingi alikuwa ama mwanamume, ama mwanamke asiyekuwa wa jamii hiyo. Kamati ya serikali ya 1927 na 1928, iliyoongozwa na T. Rangachariar, ilisikiliza ushahidi kuhusu uhaba huu, na Phalke mwenyewe alikuwa miongoni mwa waliohojiwa. Sauti ilipofika, kwa filamu ya Alam Ara iliyofunguliwa Bombay tarehe 14 Machi 1931, nafasi ya mwanamume katika sari ilizidi kuwa finyu: sauti ingeweza kumfichua. Phalke alifariki Nashik tarehe 16 Februari 1944. Serikali ya India ilipoanzisha tuzo kwa jina lake mwaka 1969, wa kwanza kupewa alikuwa mwanamke, Devika Rani.

Kati ya mikanda minne ya Raja Harishchandra imebaki wa kwanza na wa mwisho, nayo imehifadhiwa katika nyaraka za taifa za filamu mjini Pune. Baadhi ya wanahistoria wanaona kwamba mikanda hiyo ni ya toleo jipya la 1917, si ya 1913, na ubishi huo haujaisha. Orodha za waigizaji wanawake wa India huanza na Durgabai na Kamlabai, na ni sahihi kufanya hivyo, kwa kuwa wao ndio wanawake wa kwanza. Orodha ya malkia, wake na miungu wa kike wa filamu ndefu za India ni jambo jingine. Hiyo huanza na Anna Salunke, na kitabu kinachomruka au kumfanya dhihaka tu hakijaeleza sinema hiyo ilianzaje.